Nilisema Asilimia Mia

Mhariri aliniomba makala hii mara mbili semista iliyopita, na mara zote mbili nikampiga chenga. Kuandika kuhusu kumbukumbu bila kutaja lile suala la hosteli ingekuwa unafiki, na kulitaja ilikuwa aibu. Sasa yule niliyemkosea ameniruhusu, kwa sharti kwamba nisitaje jina lake, kozi yake wala bweni lake. Hapa nitamwita Jamaa.

Ilikuwa mwezi wa nne, katikati ya masika, niko mwaka wa pili. Kama saa tisa usiku nilitoka chumbani kwenda msalani. Koridoni taa iliyokuwa ikiwaka ni moja tu, ya upande wa mbali. Ile ya juu ya ngazi iliungua tangu semista ya kwanza, na wote mnajua balbu zetu zinavyobadilishwa. Nikamwona mtu anashuka ngazi, begi mgongoni. Akageuka kidogo, akaendelea na safari yake. Sikushtuka. Msimu wa testi watu wanatembea saa zote. Asubuhi laptopu ya rumeti wangu haipo, pamoja na kazi zake zote za semista, na mimi nikawa shahidi pekee. Siku hiyohiyo nikaandika maelezo kwenye daftari la walinzi pale getini, mistari saba hivi, nikasaini. Daftari hilo mliweke akilini, nitalirudia.

Wiki sita baadaye nikaitwa mbele ya kamati ya nidhamu. Nikasema aliyekuwa ngazini ni Jamaa. Nikasema alivaa koti la kijani, na kwamba aligeuka akanitazama usoni kwa sekunde tano nzima. Mwenyekiti akaniuliza, "Una uhakika kiasi gani?" Nikajibu, "Asilimia mia, mwenyekiti."

Sikuwa nadanganya. Hili naomba lieleweke kabla hatujaenda mbele, kwa sababu bila hilo makala yote haina maana. Mwongo anajua ukweli uko wapi, akaupitia pembeni. Mimi nilikuwa naiona ile sura. Hata leo nikifumba macho naiona: Jamaa yuko ngazini, kageuka, taa inamwangaza. Taa ambayo haikuwa inawaka.

Jamaa akasimamishwa masomo siku chache kabla ya UE. Wakati wa likizo ndefu laptopu ikapatikana kwa fundi mmoja mjini. Aliyempelekea ni kijana wa mtaani, si mwanafunzi kabisa, na alikiri mwenyewe. Jamaa akarudishwa, lakini mitihani ilikuwa imempita, bumu lilikuwa limesimama, na nyumbani kwao majirani walikuwa wameshamfikishia mama yake habari kwamba mwanawe ni mwizi. Leo anasoma mwaka mmoja nyuma ya wenzake.

Mwaka wa tatu nikachukua kozi ya saikolojia. Msinipambe, niliichagua kwa sababu haikuwa na kipindi cha Ijumaa. Lakini wiki ya nne mhadhiri alipofika kwenye kumbukumbu nilihisi kama ananisema mimi.

Wengi wetu tunaichukulia kumbukumbu kama video kwenye simu. Umerekodi, ukitaka unafungua, unaangalia. Ikiwa mbovu, basi ni kwamba imefutika. Kufutika kweli kupo, na hilo lilipimwa zamani: mwaka 1885 Mjerumani Hermann Ebbinghaus alichapisha majaribio aliyojifanyia mwenyewe, akikariri orodha za silabi zisizo na maana kisha kupima zilizobaki. Aliona sehemu kubwa inapotea ndani ya saa la kwanza, halafu upotevu unapunguza kasi. (Wanaodesa usiku wa kuamkia mtihani, hiyo ni habari yenu.) Lakini kusahau halikuwa tatizo langu. Mimi sikusahau. Mimi nilikumbuka zaidi ya nilichoona.

Aliyeligusa hilo vizuri ni Frederic Bartlett wa Cambridge, kwenye kitabu chake cha mwaka 1932. Aliwapa Waingereza hadithi ya wenyeji wa Amerika Kaskazini, yenye mizimu na matukio ambayo kwa Mwingereza hayaunganiki, kisha akawataka waisimulie tena baada ya muda, na tena. Hadithi haikupungua tu. Iligeuka. Mtumbwi ukawa boti ya kawaida, kuwinda sili kukawa kuvua samaki, mizimu ikafifia. Kila msimuliaji aliijenga upya kwa vifaa vya kwao, mpaka ikawa hadithi inayoingia akilini kwa Mwingereza. Na hawakujua kwamba wanaijenga. Kwao, walikuwa wanakumbuka.

Kwa hiyo kumbukumbu haifunguliwi kama faili. Inapikwa upya kila unapoihitaji, na anayepika anatumia kilichopo jikoni siku hiyo, si kilichokuwepo siku ya tukio tu. Swali ni nani analeta vitu jikoni.

Mwaka 1974 Elizabeth Loftus na John Palmer, Chuo Kikuu cha Washington, waliwaonyesha wanafunzi 45 filamu fupi za ajali za magari, kisha wakawauliza yalikuwa na kasi gani. Swali lilikuwa lilelile, isipokuwa kitenzi. Kundi moja liliulizwa kasi ya magari "yalipobamizana", jingine "yalipogongana", jingine "yalipogusana". Walioulizwa kwa neno la kubamizana walikadiria, kwa wastani, karibu kilomita 66 kwa saa. Walioulizwa kwa neno la kugusana, karibu 51. Filamu zilezile!

Mtu atasema hayo ni makisio tu, kumbukumbu haijaguswa. Ndiyo maana walifanya jaribio la pili, wanafunzi 150. Safari hii wakawaacha wiki nzima, wakawaita tena na kuwauliza: uliona vioo vilivyovunjika? Kwenye filamu hakukuwa na kioo hata kimoja kilichovunjika. Lakini kati ya 50 walioulizwa wiki iliyopita kwa neno la kubamizana, 16 walisema waliviona. Waliosikia neno la kugongana walikuwa 7 kati ya 50. Neno moja lililotamkwa mara moja lilikaa wiki nzima kichwani, likavunja vioo.

Nilipolisoma hilo nilikumbuka jinsi wadeni alivyoniuliza siku ya tatu baada ya wizi. Hakuniuliza, "Alivaa nini?" Aliniuliza, "Yule wa koti la kijani alishukia ngazi ya mbele au ya nyuma?" Nikajibu, ya nyuma. Swali lilikuwa la ngazi, nikawa makini na ngazi. Koti likapita kimyakimya. Na wadeni hakuwa na nia mbaya hata kidogo. Koti la kijani alikuwa amelisikia kwa watu, na watu walikuwa wamelisikia kwenye grupu la WhatsApp la bweni. Humo kuna mtu aliandika kwamba wiki ile alimwona Jamaa, mwenye koti la kijani, akizungukazunguka floo yetu. Baadaye picha yake ikawekwa. Nikaiangalia. Nikaikuza. Bila shaka niliikuza zaidi ya mara moja, nani asingefanya hivyo? Kuna mtu akaandika, "Lisemwalo lipo," na sote tukaona imetosha, kana kwamba methali ni ushahidi.

Halafu nikaonyeshwa picha tano za pasipoti, ya Jamaa ikiwemo. Nikaichagua. Sasa nauliza swali ambalo hakuna aliyeniuliza: sura niliyoitambua pale ilikuwa ya ngazini au ya kwenye grupu?

Wadeni akatikisa kichwa, akasema, "Hata sisi tulikuwa tunamshuku huyohuyo." Naomba msomaji usimame hapo kidogo. Mwaka 1998 Gary Wells na Amy Bradfield walichapisha utafiti kuhusu sentensi ya aina hiyo. Waliwaonyesha watu video ya mhalifu, kisha picha za watu kadhaa ambao mhalifu hayumo. Kila aliyechagua, kwa hiyo, alikosea. Baadhi yao wakaambiwa kwamba wamempata mshukiwa hasa; wengine hawakuambiwa kitu. Walioambiwa wakaja kusema kwamba walikuwa na uhakika mkubwa tangu wakati wa kuchagua, kwamba waliiona sura vizuri zaidi, kwamba walikuwa makini zaidi walipokuwa wakitazama video. Sifa moja ndogo ilirudi nyuma ikaboresha hata macho yao. Mimi sekunde zangu tano na ile taa nadhani zilizaliwa pale, ofisini kwa wadeni, juu ya meza yenye kikombe cha chai. Siwezi kuthibitisha. Lakini kwenye daftari la walinzi hazipo.

Nalirudia hilo daftari sasa. Baada ya kipindi kile nilikwenda getini nikamwomba mlinzi mkuu anionyeshe ukurasa. Alikuwa mzee mwema, akalitafuta kwenye kabati nusu saa nzima. Mwandiko ni wangu, sahihi ni yangu, na hata kosa la tahajia kwenye neno "msalani" ni langu. Imeandikwa: nilimwona mtu kwa nyuma, amevaa nguo nyeusi au ya rangi ya giza, usoni sikumwona vizuri, naweza kusema ni mrefu wa wastani.

Nilisoma mara tatu nikisubiri kumbukumbu ile ya kwanza irudi. Haikurudi. Nilichokuwa nacho kichwani ni koti la kijani tu. Na hili nalo lilishaonekana kwa wenzetu. Tarehe 28 Januari 1986 chombo cha angani Challenger cha Marekani kililipuka kikiwa angani sekunde 73 baada ya kuruka. Asubuhi iliyofuata Ulric Neisser wa Chuo Kikuu cha Emory, Atlanta, akawapa wanafunzi wake zaidi ya 100 karatasi waandike walikuwa wapi na waliambiwa na nani. Miaka kama miwili na nusu baadaye yeye na Nicole Harsch wakawapata 44 kati yao, wakawauliza tena. Robo yao, watu 11, walikosea kila kitu kikuu. Aliyesikia darasani alisimulia kwamba aliona kwenye televisheni, na kadhalika. Uhakika wao haukuendana na usahihi wao. Walipoonyeshwa karatasi zao wenyewe, kumbukumbu za mwanzo hazikurudi. Zilikuwa zimekwenda, na nafasi yake imekaliwa.

Ninapowasimulia wenzangu haya, wapo wanaosema, "Wewe ulikuwa na usingizi, mimi ningekuwa makini." Basi waisikie habari ya Jennifer Thompson. Alikuwa mwanafunzi wa chuo kama sisi, umri miaka 22, mjini Burlington, North Carolina. Julai 1984 mtu alimvamia chumbani kwake usiku akambaka. Katika hali ile mbaya aliamua kuikariri sura ya yule mtu, ili akinusurika amfikishe mahakamani. Hakuna anayeweza kuwa makini kuliko hivyo. Polisi wakamwonyesha picha; akatazama dakika kadhaa, akaichagua ya Ronald Cotton. Baadaye kwenye gwaride la utambulisho akamchagua tena Cotton, ambaye alikuwa mtu pekee aliyekuwepo kwenye picha na kwenye gwaride pia. Akaambiwa ni yuleyule aliyemchagua kwenye picha. Mwaka 1985 Cotton akahukumiwa kifungo cha maisha na miaka 50 juu yake.

Kesi iliposikilizwa tena mwaka 1987, mtu mwingine, Bobby Poole, aliletwa mbele ya Thompson mahakamani. Huyu ndiye aliyekuwa mbakaji halisi. Akasema hajawahi kumwona maishani. Mwaka 1995 kipimo cha DNA kikaonyesha ni Poole, na Cotton akaachiwa baada ya zaidi ya miaka kumi jela. Thompson alipokuja kuzungumza hadharani alieleza kwamba hata baada ya kujua ukweli, sura aliyoiona kwenye ndoto zake iliendelea kuwa ya Cotton. Hilo nalielewa kuliko ninavyopenda. Wawili hao baadaye walikutana, wakawa marafiki, na mwaka 2009 wakatoa kitabu pamoja.

Rafiki yangu anayesoma sheria aliposikia nimemaliza rasimu alicheka akasema, "Hayo yote mmeyatoa Marekani wakati yako kwenye desa letu la mwaka wa pili." Akanipa kesi ya Waziri Amani dhidi ya Jamhuri, Mahakama ya Rufani ya Tanzania, 1980. Nimeisoma. Mahakama ilisema ushahidi wa kumtambua mtu kwa macho ni wa aina dhaifu kabisa na usiotegemeka, na kwamba haifai kuutegemea mpaka kila uwezekano wa kukosea uwe umeondolewa. Ikaorodhesha mambo ya kuangalia: shahidi alimtazama kwa muda gani, kwa umbali gani, ilikuwa mchana au usiku, mwanga ulikuwaje, alikuwa akimfahamu mtu huyo kabla au la. Nikayapitisha kwenye ngazi yetu: muda, sekunde chache, saa, usiku, mwanga, balbu imeungua, kumfahamu, hapana. Kwa kipimo hicho nisingefika hata mlangoni mwa mahakama. Lakini kamati si mahakama, na swali pekee nililoulizwa lilikuwa la uhakika wangu. Uhakika nilikuwa nao wa kutosha.

Siwalaumu kamati peke yao, maana na mimi nilikuwa na nafasi ya kujirudi nikaipita. Jamaa alisema usiku ule alikuwa chumba cha mwenzake wakifanya asaimenti. Mwenzake akathibitisha. Nilivyosikia hivyo niliwaza moja kwa moja: wamepanga. Angekosa shahidi, ningesema: unaona, hana shahidi. Jamani, kama kila jibu linathibitisha nilichokwisha kuamini, nilikuwa nasikiliza nini? Peter Wason alilionyesha hili London mwaka 1960 kwa mchezo ambao mnaweza kuujaribu hosteli leo. Mwambie mwenzako kwamba namba 2, 4, 6 zinafuata kanuni fulani, naye aigundue kwa kukupa namba nyingine tatu tatu, wewe ukijibu ndiyo au hapana. Atakupa 8, 10, 12. Ndiyo. Atakupa 20, 22, 24. Ndiyo. Atatangaza kwa kujiamini kwamba kanuni ni kuongeza mbilimbili. Kumbe kanuni ni namba zozote zinazopanda tu. Hata 1, 7, 300 zingepita. Ni wachache wanaojaribu namba ambazo zingevunja wazo lao wenyewe. Nimeujaribu kwa watu wanne wa floo yetu, wawili wakakasirika.

Laptopu ilipopatikana kukatokea jambo jingine la kuchekesha, kama lingekuwa halichomi. Bweni zima likawa lilijua. "Mimi tangu mwanzo nilisema siyo yeye." Baruch Fischhoff na Ruth Beyth waliwahi kulipima hilo: kabla ya Nixon kwenda China na Urusi mwaka 1972 waliwataka wanafunzi nchini Israeli wakadirie uwezekano wa matukio mbalimbali ya safari hizo, na baadaye wakawataka wakumbuke walikadiria nini. Kwa yale waliyodhani yametokea, wanafunzi walikumbuka kwamba waliyapa uwezekano mkubwa kuliko waliyoupa kweli. Sisi hatukuhitaji utafiti. Nilipanda juu kwenye grupu mpaka mwezi wa nne, nikasoma. Waliojua tangu mwanzo walikuwa wameandika "afukuzwe" na alama tatu za mshangao. Sikusema kitu. Ningeanzia wapi, mimi?

Kwa sasa nina tabia ambayo marafiki zangu wanaiona ya kizee. Nikishuhudia jambo lenye uzito, hata ugomvi wa foleni ya kafeteria, naandika kwenye simu kabla sijaongea na mtu, na naandika pia nisichokiona. Mtu akinisimulia jambo lake kwa ajili ya kutoa ushahidi namuuliza, "Nini kilitokea?" na nanyamaza, sipeleki rangi ya koti. Serikali ya wanafunzi ilinikubalia kupeleka ombi kwa mshauri wa wanafunzi kwamba maelezo ya kwanza ya shahidi yasomwe mbele ya kamati kabla yeye hajafungua mdomo. Tunasubiri jibu tangu mwezi wa kumi na moja.

Nilipokwenda kumwomba Jamaa ruhusa ya kuandika haya tulikaa nyuma ya maktaba, akaninunulia maji. Akanisimulia siku ya kamati kwa upande wake. Alikumbuka shati langu jeupe, kiti nilichokalia, na jinsi nilivyosema asilimia mia. "Halafu ukacheka," akasema. "Ndiyo kitu kilichoniuma kuliko vyote, ndugu yangu. Ulicheka."

Sikumbuki kucheka. Nilitaka kumwambia hivyo, mdomo ukafunguka kabisa. Halafu nikafunga chupa ya maji, nikamwambia aendelee.